Pumzi Ishirini

Hapa Kibiro, chini ya genge, ziwa likiwa mgongoni,
shangazi Kabatalya huchochea moto wa chumvi
kwa kuupulizia mtutu wa bunduki.
Mdomo wake kwenye mdomo wa bunduki,
makaa upande ule wa baruti.
Chungu kinatokota. Mbuzi anapita.
Hakuna anayeshtuka.

Ulikuwa gobori. Ulishuka na msafara
mwaka ambao hakuna aliyeuandika,
ukauzwa kwa jino moja la ndovu na mzigo wa chumvi,
na inasemekana walibishana zaidi juu ya chumvi.
Aliyeupokea ni Tibamwenda, mhunzi wa majembe na mikuki.
Aliufungua usiku kucha kama mtu anayepasua samaki asiyemjua,
asubuhi akawaambia waliokuwa wakingoja nje:
"Ndani mna shimo tu.
Shimo lililonyooka."

Akajifunza kuulisha.
Baruti, kitambaa, goroli, shindilia, shindilia tena,
fataki juu ya chuchu, jicho, kidole.
Alihesabu kwa pumzi:
ishirini toka mlio hadi mlio,
thelathini mikono ikitetemeka,
na mvua ikinyesha, rudi nyumbani ukale.

Ndani ya pumzi hizo ishirini
mtu wa mkuki alikuwa na maisha.
Alilala kifudifudi, mlio ukampita,
akainuka na majani kifuani, akakimbia,
na mara nyingi alifika
kabla mwenye bunduki hajachomoa fimbo ya kushindilia.
Vita vilikuwa na mlango.
Mwembamba, lakini mlango.

Kisha zikaja zile za kulishwa nyuma.
Tibamwenda aliletewa moja, ina damu kitakoni,
akaielekeza juani, akafumba jicho moja,
akakaa kimya mpaka chai ya mtama—
hapana, shangazi hunisahihisha, chai haikuwepo—
mpaka uji wa mtama ukapoa.
Ndani mlikuwa na mistari.
Mistari inayozunguka, kama kamba inavyosokotwa,
ili risasi itoke ikijipinda
na isisahau njia.

Alijaribu kuichora katika chuma chake mwenyewe.
Miezi mitatu. Alipata mstari mmoja, umekwenda kombo.
Mtutu ukapasuka, ukachukua vidole viwili vya mwanafunzi wake.

Kagoro, mdogo wake, hakuletewa habari hizo.
Alikuwa mkimbiaji, mtu wa mkuki, mahari nusu imelipwa.
Bondeni, upande wa Masindi,
alisikia mlio, akalala.
Akainuka, kama alivyofundishwa.
Pumzi ya kwanza.
Pumzi ya pili.

Baadaye waliobaki wakajifunza mengine:
kuchimba mahandaki, kupigana kutoka vichakani,
kuchoma ghala lao wenyewe ili mgeni asile.
Ndovu walihamia kusikojulikana, na bei ya risasi ikabaki.
Majembe hayakufuliwa misimu miwili.
Watu walikonda bila kupigwa na mtu.

Tibamwenda aliteremka genge akiwa na gobori begani.
Akalikata mwisho ulioziba, kwa patasi, siku nzima,
kitako akakitia motoni,
mtutu akampa mkewe aliyekuwa akipikia chumvi machozini,
moshi ukimpiga usoni.
Alisema neno moja tu: "Puliza."

Juzi alikuja jamaa kutoka Hoima, viatu vinang'aa,
anakusanya vitu vya kale.
Aliugeuza mtutu, akaupigapiga kwa kucha,
akauliza bei.
Shangazi alifuta mikono kwenye kanga.
"Bei ni ile ile. Jino moja na mzigo wa chumvi.
Chumvi ninayo.
Lete jino."

Jamaa akacheka, meno yote nje.

"Si hayo," akasema,
akainama kwenye moto wake.