Bei ya Mvua

Nimeua watu mia mbili na kumi na wanne.
Wengi kwa ajali, maana gari bovu ni rahisi kukodi,
wachache kwa sumu, mmoja kwa mapenzi
(huyo alikuwa wa mwanzo mwanzo, nilipokuwa ningali naamini).
Polisi hawajawahi kunibishia hodi.
Aliyenihukumu ni Cemalettin,
muuza mboga wa kule nyumbani, Eskişehir.
Juma lile nilipomtupa Tufan korongoni, njia ya Bolu,
alikataa kumuuzia mama nyanya.
"Mwanao hana huruma," alisema mbele ya foleni nzima.
Mama akanunua nyanya mtaa wa pili mwezi mzima,
ghali, tena zimebonyea,
wala hakunilaumu. Aliniuliza tu kwenye simu,
"Hapakuwa na mti hata mmoja wa kumzuia?"

Hakujua kwamba Tufan aliomba nyongeza.

Nilianza kwa kumimina chai.
Istanbul, Kurtuluş, ghorofa ya nne:
waandishi sita, dirisha moja,
kurasa mia na ishirini kila juma lijaalo.
Jumatano saa nne zinaletwa namba,
wangapi walituangalia, wangapi walitukimbia dakika ya arobaini,
na kila mtu anatazama viatu vyake.
Nilichapa. Nilifuta majivu ya sigara.
Usiku mmoja Bwana Rıfkı akakwama:
bibi harusi yuko mlangoni, hana la kusema.
Nikasema, sinia mkononi, "Asiseme. Avue kiatu."
Alinitazama kama mtu aliyesikia birika likiongea.

Kiatu kile kilinilipia kodi miaka miwili.
Jina langu likatokea mwishoni, herufi ndogo kama chawa,
likapita kabla mama hajavaa miwani.

Siku hizo niliandika mvua kwa mkono mpana.
Mvua juu ya bati la kituo cha treni,
mvua kwenye kola ya askari aliyeachwa,
mvua kila nilipokosa neno.
Haikunigharimu hata wino.

Kisha wakanihamisha upande wa pili wa meza,
wakanipa kikokotoo na ufunguo wa choo kisafi.
Mtayarishaji.
Mama aliuliza, "Unatayarisha nini?"
Nikasema, "Hundi, mama. Na udhuru."
Hapo ndipo nilipoijua mvua:
malori mawili ya maji, pampu, kibali cha manispaa,
taulo hamsini, supu,
na mwigizaji mwenye mafua kesho yake, akidai daktari wake mwenyewe.
Nikaikata.
Harusi nikaikata ikawa chakula cha jioni,
chakula cha jioni kikawa simu.
Kijiji kizima nilikikata, ikabaki kengele ya kondoo
nyuma ya pazia.
Ilgın, binti mwenye kalamu kali kunishinda,
alilia kwenye ngazi, kurasa zake kifuani.
Nilimpa leso. Mvua sikumpa.

Tulimzika mama Novemba.
Mvua ikanyesha bila kibali,
ikanyesha kama ya mtu asiyejua kuandika, nyingi mno,
ikaingia mpaka kwenye soksi za imamu.
Nami, nyuma ya wanaume, udongo ukianguka,
nilijikuta nahesabu malori.
Nilifika la saba ndipo nikaona haya.

Watu walipotawanyika, mzee mmoja alinisogezea mwavuli.
Sikumtambua bila aproni yake.
Alisema mama alikuwa akichagua nyanya kwa kuzinusa.
Tukanyamaza.
Kisha, kama mtu aliyelibeba swali hilo miaka kumi na tisa
akitafuta pa kulitua:
"Yule Tufan. Kweli hapakuwa na njia?"

Nilikuwa na majibu. Ndiyo kazi yangu, majibu.
"Aliomba nyongeza," nikamwambia.
"Kiasi gani?"
Nikamtajia.
Maji yalimchuruzika kofiani. Alipiga hesabu kwa vidole,
taratibu, kidole kwa kidole,
kama anayepima bamia.

"Mngesema," akasema.
"Tungechanga."