Dakika Nne za Theluji

Nilisimama saa tatu nzima juu ya paa la kituo, Chiatura,
theluji magotini, vidole vimekufa ganzi,
nikisubiri kigari cha waya kitoke kwenye ukungu.
Kilitoka. Chekundu, kimechubuka,
kimebeba wachimba madini wanne na gunia la viazi,
na jua likakigusa ubavuni
kama mtu anayegusa shavu la mgonjwa.
Dakika nne. Sikupumua.

Hiyo ilikuwa Februari, na mimi nilikuwa mpiga picha.

Sasa ni Septemba, mimi ni mhariri,
jikoni kwa dada yangu, Tbilisi,
kompyuta juu ya friji mbovu tuliyoilaza chali.
Mpwa wangu amelala nyuma ya pazia.
Hatukuwa na fedha za kuajiri watu wawili,
basi yule aliyeganda juu ya paa
na huyu mwenye mkasi
wanagawana uti mmoja wa mgongo, kikombe kimoja cha kahawa.
Fahali wawili, na zizi ni mimi.

"Picha ile ni nzuri."
"Najua. Ndiyo maana inaniziba njia."
"Nilikaribia kupoteza kidole!"
"Nani atakiona kidole chako?"

Vazha, mwongozaji wetu, anapiga simu saa sita usiku.
Kodi ya kamera ameilipa kwa teksi, bado anailipa;
nasikia abiria akimwelekeza: kushoto, kushoto hapo.
"Theluji usiiguse," ananiambia, na simu inakatika.

Nairudisha nyuma. Naiacha iende.
Kigari kinapita, kinazama,
na pale nilipodhani nimezima, kamera ilikuwa bado macho:
lenzi imeinama, inatazama buti zangu,
na sauti ya Lamzira, mwendesha kigari, kutoka chini:
"We mtoto, umekula?"
Nami, kwa koo kavu, nadanganya: "Nimekula."
Kimya.
Kisha ngazi ya chuma inalia chini ya uzito wake,
kisha mvuke wa supu
unapanda toka ukingoni, unafunika kioo chote.

Picha mbaya. Imepinda, haina mwanga.
Mwalimu wangu angeifuta bila kukaa.

Nikakata dakika nne za theluji.
Mkono haukutetemeka. Tumbo, ndiyo.

Saa kumi alfajiri mpwa wangu akaamka kunywa maji,
akasimama nyuma yangu, peku, bilauri mkononi.
"Supu ya nini hiyo?"
"Maharage."
Akavuta kiti.