Paka Anadaiwa

Waya niliununua kwa Bashiri, nyuma ya msikiti,
mia tatu na hamsini, akaniapia haujatumika.
Upande mmoja simu yangu, upande wa pili televisheni
aliyotuachia shemeji alipohamia Mombasa,
kubwa mno kwa nyumba hii,
imeziba zidaka mbili za mama mkwe.

Basi yule paka wa kwenye simu,
paka mpishi mwenye aproni ya mistari,
ambaye jana hakuzidi kidole gumba,
leo kajaa ukuta mzima,
masharubu yake marefu kama fito.

Habari zilizunguka Langoni kabla sijafika jikoni.
Watoto sita, ndara kumi na moja mlangoni.

Lali ndiye mwenye simu, na haiachii.
Akigonga yai hapa, huko paka hufikiri kwanza,
kama mtu aliyeitwa usingizini,
ndipo yai linapasuka.
Famau, mdogo wao, haamini mambo ya waya.
Kaiendea televisheni yenyewe,
kabonyeza bakuli kwa kidole chenye ubuyu,
kabonyeza tena,
bakuli halina habari naye.
Kamwachia paka doa jekundu puani.

Mama mkwe yuko mkekani, anashona kofia.
"Keki gani hiyo," anamuuliza paka, "isiyo na iliki?"

Keki ya tatu ilikuwa tanurini,
watoto wanahesabu kwa kelele, tisa, nane, saba,
ndipo ukashuka kutoka juu
mstari mweupe, kama barua inayosukumwa chini ya mlango:

*Mpendwa mteja, umechelewa siku tisa.*
*Deni lako ni shilingi 4,260.*
*Lipa leo kuepuka usumbufu.*

Somoe wa darasa la pili husoma kila kitu,
magunia, vibao, mifuko ya unga.
Akasoma.
"M-pe-ndwa m-te-ja."
Nami nimesimama na mwiko, mchuzi unanidondokea mguuni.
"De-ni la-ko."
Nililolificha tangu Rajabu,
nyuma ya namba ya siri, chini ya mto,
hata baba Lali kule Garissa hajui,
sasa limesimama ukutani
kila herufi kubwa kama ngumi.

Feni ikazunguka.
Sindano ya mama mkwe ikabaki hewani.

"Nani anadaiwa?" akauliza Somoe.

"Paka," akasema Lali, macho hayabanduki.
"Kakopa unga."

"Kwa nani?"

"Dukani. Si unaona anavyoumaliza?"

"Basi tupike upesi, asije akanyang'anywa jiko."

Na hakuna aliyenitazama.
Wakapika keki za waridi, za kijani, keki za ghorofa nne,
wakauziana wenyewe kwa wenyewe,
hii hamsini, hii mia, hii bei ya harusi,
wakagombana kuhusu chenji.
Famau akachota keki moja kutoka kwenye kioo,
kioo kikabaki nayo, yeye akaondoka nayo,
akaivusha sebule kwa viganja viwili,
akanikabidhi nimpelekee mwenye duka.
Ningefanyaje? Niliweka mwiko chini nikaipokea,
nikaishika vizuri isije ikaanguka.

Kabla ya magharibi tokeni zikaisha.
Ukuta ukawa mweusi, paka na tanuri na kila kitu,
ila lile doa la ubuyu,
lilibaki peke yake pale palipokuwa na pua.
Watoto wakatafuta ndara zao gizani,
mmoja akaondoka kama alivyokuja, mguu mmoja peku.

Asubuhi nilimpelekea mama mkwe chai.
Akakata uzi kwa meno,
akaigeuza kofia, akaipulizia vumbi lisilokuwepo.
"Na yule paka," akasema,
akiitazama kofia, si mimi,
"amebakisha kiasi gani?"