Sekunde Nne za Matamba

Miaka ishirini na sita ya kamera begani:
bega la kulia limeshuka kama tawi la mparachichi.
Fundi cherehani wa Mwanjelwa analijua,
huniongezea kitambaa upande mmoja bila kuuliza.

Nimerekodi mto ukila barabara,
mkutano wa maji ulioisha kwa ngumi,
bwana mifugo akilia nyuma ya Landrova kule Kitulo,
na harusi, ndiyo, harusi nyingi,
maana ukweli haulipi kodi ya nyumba.

Ila Matamba. Julai, baridi ya kung'ata masikio.
Betri nililala nazo kifuani kama vifaranga
zisife kabla hakujakucha.
Twilumba Ngogo alikuwa ameanika pareto,
anayageuza maua mkekani, vidole vinaenda, vinarudi.
Nikasogea. Nikasogea tena,
hadi mikono ikajaa fremu:
nyufa, udongo, pete ya shaba iliyokwama.
Dakika kumi na moja sikuinua lenzi.
Mikono ile ilinipa jina. Ilisafiri hadi ng'ambo,
ikapigiwa makofi na mikono laini.

Mwaka huu nimerudi na laptopu.
Mwenyewe kalala chini ya milingoti.
Bintiye, Oliva, akajifuta viganja kwenye kitenge,
akaketi, akatazama hadi mwisho,
akasubiri kidogo, kama kuna kinachofuata.
"Na uso wake?"

Nikakohoa. Nikaeleza habari za mwanga.

Usiku, gesti, blanketi mbili,
nikafungua makapi, vile vipande alivyovikataa mhariri,
nilivyoviandika mwenyewe HAIFAI.
Cha nne: pumzi yangu imetanda kwenye kioo,
picha inayumba, kidole kimeziba pembe,
na hapo anageuka Twilumba, mzima mzima,
jino moja halipo, ananifokea kwa Kiwanji
nisichokielewa siku ile wala leo.

Asubuhi Oliva alicheka hadi akashika ukuta.
"Anasema, toka kwenye jua langu, we mtu,
maua hayakauki!"

Akaomba nirudishe. Nikarudisha.
Sekunde nne, mara thelathini labda,
mpaka betri ikakata.

Nje mkeka ulikuwa umeshatandikwa, mweupe wa maua.
Nilitazama kivuli changu kimelala wapi,
nikasogea hatua mbili.