Ngazi za Igogo

Ulisema ni mia moja arobaini na tatu.
Tangu uwanja wa ndege unawaambia watoto:
mia moja arobaini na tatu, halafu nyumbani kwa bibi.

Kaka, mvua za mwaka ule wa Mama zilizoa ngazi za chini.
Diwani akamwaga zege, akapata kura, akaacha.
Siku hizi hazihesabu mtu
ila aliyebeba kitu.

Mimi nazijua kwa ndoo.
Ya kupumzikia ni ile yenye jiwe kama goti la ng'ombe.
Ya pili ni pale kwa fundi cherehani,
ndipo tuliposimamisha jeneza
wima kidogo, kama mtu anayeaga,
maana kona ilikataa kulipitisha.
Wewe ulikuwa kwenye simu.
Lugembe alikuinua juu ya vichwa vya watu
ulione na ziwa.
Mtandao ukakata.

Leo umekuja na masanduku manne.
Kijana aliyekubebea kauliza kwa upole,
"Anko, mgeni huku?"
"Mwenyeji," ukasema, unahema.
Solange akacheka. Kiswahili chake cha Bukavu
kilishafika juu kabla yako,
kimeshawaambia majirani wote aksanti.

Unaulizia furu.
Furu! Hata sisi tuliobaki tumewasahau ladha.
Nimekukaangia sato wa kwenye vizimba,
na wewe unaitazama sahani
kama barua iliyoandikwa na mtu mwingine
chini ikawekwa sahihi ya Mama.
Michembe nimeipika na karanga.
Mwanao wa kiume ameuma kipande kimoja,
akakirudisha taratibu, kwa mkono wa kulia.
Nimeipenda adabu yake.

Ila Minza hajaingia ndani.
Ameshuka tena hadi barabarani, peke yake,
na jina la Mama mgongoni kwenye jezi,
akapanda akihesabu kwa lugha yenu ya baridi,
anagusa kila ngazi kwa kidole cha mguu.
Akafika mlangoni, jasho tele,
akataja namba.

Sikuielewa. Nikakutazama.
Ulikuwa umegeukia ziwani, feri ya Kamanga inarudi,
koo lako linapanda na kushuka.
"Kasema ngapi?"
Hukunitafsiria.

Haya.
Bomba la chini hufungwa saa kumi na mbili.
Ndoo ziko nyuma ya mlango.