Ndewe Tatu

Kijitabu kina kurasa arobaini, magonjwa ya mzabibu,
na malipo ya kukitafsiri hayafikii mifuko miwili ya saruji.
Ukurasa wa sita umeniweka Hombolo siku ya pili
kwa ajili ya neno moja: *trilobata*.
Silabi nne. Nikilitamka kwa sauti,
Chilongani ananiitikia toka mstari wa tatu,
mkasi wa kupogolea mkononi:
"Dawa mpya hiyo? Chupa shilingi ngapi?"

Kwanza niliandika *pembetatu*.
Nikafuta.
Pembe huchoma, na jani hili halina pa kuchoma.
Limejigawa sehemu moja kulia, moja kushoto,
ya kati imerefuka kidogo,
na kila moja imeviringika mwishoni
utadhani imelambwa na ndama.

Nikaandika *majani matatu*.
Chilongani akacheka, akavuka ua wa miba
akarudi na kunde za jirani.
"Matatu ndiyo haya. Ng'oa moja, mawili hayana habari."
Kisha akalaza jani la mzabibu gotini mwangu,
akapitisha ukucha kwenye bonde lake;
ukucha ukashuka, ukashuka,
ukakwama kabla ya kikonyo.
"Unaona limekataa? Hili ni moja."

Nikanakili pembeni, kwa kalamu ya risasi:
*mkato usifike shinani; ukifika, tafuta neno jingine.*

Usiku, nyumba ya wageni, umeme umekatika.
Kwa tochi ya simu nafukua kamusi nene:
Walatini walikopa kwa Wagiriki,
na Mgiriki, alipotaka kutaja
kitu laini kinachoning'inia,
alishika sikio lake.
*Lobos.* Ndewe.
Nami, gizani, nikashika langu.

Ndewe za baba zilikaribia mabega.
Ya kushoto ilibeba kikopo cha ugoro;
ya kulia ilikuwa yangu,
nikipitisha vidole vitatu akisinzia.
Mwaka alioitwa utarishi mjini
alipita hospitali kwanza, akashonwa,
akarudi Mvumi na masikio mafupi ya picha ya kitambulisho,
nyuzi nyeusi bado zimesimama kama sharubu za panya.
Mama alikwenda kumpokea kituoni,
akampita.
Akarudi tena, akampita.

Sikio halizidi kichwa, husema watu.
Hawasemi ndewe inazidi nini.

Asubuhi nikaandika bila kufuta:
*Jani la mzabibu lina ndewe tatu.
Ligeuze. Kagua ndewe ya kati, halafu za pembeni.*
Mhariri akapiga simu kabla sijanywa chai.
"Lakini ndewe ni tundu! Kamusi yangu inasema tundu."
"Kwenu ni tundu," nikamwambia. "Kwetu ni nyama
inayolibeba tundu, na hata bila tundu ni ndewe."
"Wasomaji watacheka."
"Watacheka huku wameshika masikio,
na huo ndio ufafanuzi, sina mwingine."
Akanyamaza. Nikasikia kikombe kikiwekwa mezani.
"Basi weka na picha," akasema.

Picha sikuwa nayo. Nilikuwa na Chilongani,
aliyesoma ukurasa wa sita akiwa amesimama,
midomo ikitembea, vumbi jekundu kwenye kope,
na alipofika kwenye lile neno
mkono wake ulipanda wenyewe
hadi chini ya sikio, penye kovu
ambalo kwa siku mbili sikuwa nimeliona.
Hakusema lolote juu ya kovu.
Akainama, akachuma jani kwenye mche wa mbegu nyingine,
pana, limechanwachanwa zaidi,
akalihesabu kwa kidole gumba.

"Hili je? Lina tano."

Nikafungua mdomo, nikaufunga.
Alikwisha kunirudishia karatasi,
alikwisha kugeukia mstari wake.
"Si uandike ndewe tano," akasema kwa mgongo,
na mkasi ukaanza tena kulia.