Jumanne, Kulikuwa Mvua

Mtafiti alikuja Katuba na rula, kifutio, kalamu nne.
Akaketi juu ya kreti la bia uani kwetu
akachora: mwanamume pembetatu, mwanamke duara,
ndoa mistari miwili kama reli,
marehemu alama ya mkwaju.
"Kasinda, wewe ndiwe duara hili hapa chini."
Nikainama kujitafuta. Nilikuwa mdogo kuliko punje ya ulezi.

Kazi yangu kutafsiri. Faranga elfu tano kwa siku, na mkate.
Bibi husema Umbundu akihesabu pesa na akisali tu;
yaliyobaki ni Kiswahili cha hapa, chenye vumbi la shaba.
Juu ya mchoro mtafiti aliandika: Kimbundu.
Bibi akachukua kifutio mwenyewe,
akasugua hadi karatasi ikatoboka.
"Ile ni ya batu ba Luanda. Siye tulitoka Bihe."

Jina lake Chilombo: kambi ya njiani.
Babu zake walivuka Kasai na nta na chumvi na vitambaa,
mizigo kichwani, wakaja kununua pembe huku Katanga;
halafu reli ikaja, ikawafanya wote wachelewaji.
Yeye alizaliwa kando ya reli, treni ikinywa maji,
mama yake amelala juu ya gunia la mahindi.
Kengele iligongwa, kwa furaha au kwa haraka, haijulikani.

"Mtu akifa," mtafiti akauliza, "nani anarithi?"
Bibi akanywa munkoyo kwanza.
Kwao ni ochisangua, alisema, na ni tamu zaidi,
ingawa alivuka mpaka akiwa na siku nne.
"Andika. Udongo ni wa oluse, upande wa baba.
Vitu ni vya oluina, upande wa mama:
bunduki, nguo, madeni, vyote vinaenda kwa mtoto wa dada."
Akaandika mbio kama mtu anayeanua nguo wingu likikaribia.

Lililofuata Bibi hakulisema. Nililisema mimi, nje ya malipo.

Kapitango, kaka yake, aliyeyusha shaba miaka thelathini na mmoja
chini ya lile dohani refu.
Aliacha baiskeli, redio, cherehani, mjane na watoto sita.
Nyumba? Ya kampuni. Udongo? Wa kampuni.
Mtoto wa dada ni baba yangu.
Akafuata sheria: akabeba cherehani begani hadi langoni.
Langoni alikuwa amesimama dada mwenyewe.

"Rudisha."
"Mama, ni haki yangu. Wewe njo ulinifundisha."
"Nilikufundisha. Sasa rudisha.
Yule mwanamuke atashona na meno?"

Baba akasimama na kile chuma begani,
maji yakimwingia shingoni,
kwa muda wa kusonga bukari.
Kisha akageuka.
Hadi leo hapendi sauti ya cherehani.

Mtafiti akafungua ukurasa mpya,
akaandika kwa herufi kubwa: MABADILIKO YA JAMII.
"Desturi ilibadilika mwaka gani, Bibi?"
"Haikuwa mwaka. Ilikuwa Jumanne. Kulikuwa mvua."
Daftari lake lilikuwa na safu ya mwaka,
safu ya chanzo, safu ya maoni.
Kalamu ilikaa hewani.

Alipokuwa akikunja mchoro nilimshika mkono.
Kasinda, nikamwambia, ni jina la anayefuata mapacha.
Umeniandika mzaliwa wa kwanza. Mtu hafuati hewa.
Wako wapi Jamba na Ngeve?
Hawakumaliza wiki, lakini walitajwa.

Akatafuta nafasi. Pale juu yangu pote pamejaa wajomba.
Palibaki kandokando ya lile tundu, alipofuta Bibi.
Akachora polepole, asiichane karatasi,
pembetatu moja, duara moja,
akainua kalamu kuweka mikwaju.

"Acha kwanza," Bibi akasema,
akamuuliza kama anakula bukari.